Kola, kwinini na tochi ya noti: Mama Maabara anajibu barua zenu

Tangu habari ya "soda yenye vitu vinavyowaka" izunguke kwenye simu za watu, sanduku la ukurasa huu limejaa tochi. Nimechagua barua sita na kuzipunguza kidogo. Waliouliza kama soda ikiwaka gizani inafaa kwa mapenzi, ukurasa wenu ni ule wa nyuma.

Shikamoo Mama Maabara. Nina kaunta ya vinywaji. Nilisoma kwamba wanasayansi wamekuta chembe zinazong'aa ndani ya kola. Usiku nikachukua tochi ya zambarau ya kukagulia noti bandia, nikaimulika kola, haikufanya kitu. Nikamulika soda ya toniki iliyokuwa pembeni, chupa nzima ikawaka bluu, wateja wakashangilia. Sasa sielewi. Iliyosemwa ina chembe haiwaki, isiyosemwa inawaka. Ipi yenye sumu, na kwa nini kampuni zilificha? – Mwenye Kaunta, Morogoro

Marahaba. Waliosambaza ile habari wengi wao hawakumulika chochote, wewe umemulika, kwa hiyo tayari umewatangulia.

Tuanze na toniki. Kilichowaka ni kwinini, hiyo hiyo iliyokuwa ikituziba masikio utotoni tukitibiwa malaria. Imeyeyuka kwenye maji molekuli moja moja, kwa hiyo si chembe kwa maana ya ile habari. Mwingereza John Herschel aliandika juu ya rangi hiyo ya bluu mwaka 1845, na George Gabriel Stokes akaifafanua mwaka 1852: kitu kinapokea mwanga wa urujuanimno ambao macho yetu hayauoni, kisha kinautoa ukiwa na nguvu pungufu, na huo uliopungua ndio tunaouona. Ni kama dalali, anapokea kamili na kukabidhi pungufu. Na kabla hujaanza kuiuza kama dawa: Marekani, sheria inaruhusu kwinini isizidi miligramu 83 kwa lita ya toniki. Dozi moja ya mtu mzima ilikuwa miligramu 600, mara tatu kwa siku. Mgonjwa angekunywa zaidi ya lita saba ili apate dozi moja tu. Mwenye homa aende akapimwe, apewe dawa mseto.

Sasa kola. Habari yenyewe ina ukweli ndani yake. Mwaka 2018 watafiti wa Chuo Kikuu cha Dalian Polytechnic, China, walichapisha kazi yao juu ya Coca-Cola na Pepsi. Walichuja na kutenganisha hadi wakabaki na chembe za kaboni zenye upana wa nanomita 5 hivi. Nanomita moja ni sehemu ya milioni ya milimita. Seli nyekundu ya damu, ambayo mimi nimeihesabu chini ya darubini miaka yote ya kazi, ina upana wa nanomita kama 7,000. Chembe za namna hii huitwa vitone vya kaboni, na vikipigwa na urujuanimno hutoa mwanga, mara nyingi wa bluu.

Vimetoka wapi? Kola inapata rangi yake kwenye karameli, na karameli ni sukari iliyopikwa hadi ikawa kahawia. Miaka sita kabla ya hao wa China, watafiti wa Guwahati, India, walikuwa wameshachapisha kwamba sukari ikipikwa hivyo hutoa chembe hizi. Hapo nadhani hata suala la kuficha linajijibu. Karameli imeanza kuliwa zamani sana kabla ya darubini za kuziona chembe hizo kuwepo. Vitone vya kaboni vyenyewe vilijulikana mwaka 2004, tena kwa bahati: wakemia wa Chuo Kikuu cha South Carolina walikuwa wakisafisha vijibomba vya kaboni, wakakuta kwenye takataka zao kitu kinachong'aa.

Kwa nini kola yako haikuwaka? Kwanza vitone vyake ni vivivu. Katika kila fotoni 100 (fotoni ni kipande kidogo kabisa cha mwanga) vinazomeza, havirudishi hata 5 kama mwanga. Pili, ukahawia wa kola unameza tochi yako ikiingia, na unameza tena kile kidogo kinachojaribu kutoka. Chukua kijiko kimoja cha kola, kitie kwenye glasi ya maji safi, zima taa zote, umulike tena. Pengine utaona ukungu hafifu. Na hapa kuna jambo ambalo mimi hulipenda: wakemia wakitaka kupima kitone kinang'aa kiasi gani, mara nyingi hukilinganisha na kwinini iliyoyeyushwa kwenye asidi, ambayo hurudisha fotoni 54 kwa kila 100. Rula ilikuwa imesimama pale pale kwenye kaunta yako, jirani na kola.

Kuhusu sumu. Watafiti wa Dalian waliwalisha panya chembe hizo kwa kiwango cha gramu 2 kwa kila kilo ya uzito, na kwa muda waliowaangalia hawakuona viungo vilivyoharibika. Kwa mtu wa kilo 60 hiyo ingekuwa gramu 120 za chembe tupu, kiasi ambacho huwezi kukifikia kwa kunywa soda. Lakini waliona pia kwamba chembe zilitoka tumboni zikasambaa, zikafika kwenye ini, na nyingine zikafika hata kwenye ubongo. Hilo la ubongo ndilo lililopigiwa tarumbeta, na kweli linastahili kufuatiliwa, maana panya aliyelishwa kwa muda mfupi si dereva wa bodaboda anayekunywa chupa mbili kila siku kwa miaka ishirini.

Ila huyo dereva ana shida nyingine ambayo haihitaji tochi. Kola ya mililita 330 ina sukari gramu 35 hivi. Shirika la Afya Duniani linataka sukari ya kuongezwa isizidi kama gramu 50 kwa siku nzima, na linasema 25 ndiyo bora zaidi. Nimepima sukari kwenye damu za watu wengi mno kuweza kuanza kuogopa vitone kabla ya sukari.

Mama, habari za kazi. Mimi ni mama ntilie, nakaanga maandazi, napika mkate wa kumimina, jioni nachoma mishikaki. Mteja mmoja msomi ananitania kwamba nauza nano. Wengine wameanza kuogopa kweli. Je, niache kuchoma? – Mama Mishikaki, Korogwe

Usiache, mama. Mwambie huyo msomi kwamba hata ukoko anaougombania nyumbani kwake una ukahawia wa jinsi hiyo hiyo. Wale wa Guwahati, mwaka 2012, walikuta chembe hizi kwenye mkate, biskuti, konifleksi na sukari guru, nyingi zikiwa na upana wa nanomita 4 hadi 30. Sukari guru, mama! Ile tuliyokuwa tukiibandua na kuimumunya. Wengine wamezikuta kwenye nyama ya kondoo iliyookwa na kwenye hambaga ya kuchoma. Mwaka 2014 zilitolewa kwenye kahawa ya unga ya Nescafé, wakawalisha samaki wadogo wa urembo wa kwenye tangi, na samaki wakang'aa. Mimi kahawa yangu ni ile chungu ya birika la shaba, na sijaiacha.

Zinazaliwa pale sukari, au sukari na protini, zinapokutana na moto mkali, kila kitu kinapogeuka kahawia na kunukia. Binadamu anakula ukahawia huo tangu alipowasha moto wa kwanza.

Ninachotaka uangalie ni weusi. Mwaka 2002 watafiti wa Sweden walitangaza kwamba vyakula vya wanga vikikaangwa au kuokwa kwa joto kali, kuanzia nyuzi 120 hivi kwenda juu, hutengeneza kemikali iitwayo akrilamaidi, na hiyo ina sababu ya kutiliwa shaka kwa upande wa saratani. Kadiri unavyounguza ndivyo inavyozidi. Andazi liwe la dhahabu, lisiwe la mkaa. Mshikaki ulioungua ncha, kata ncha. Na yale mafuta yaliyokwisha kuwa meusi, yanayotoa moshi kabla hata hujatia kitu, nakuomba sana, mwaga.

Binti yangu, salaam. Mke wangu ana kisukari na macho yanamsumbua. Daktari amemwandikia kipimo cha kuchomwa rangi mkononi, kisha apigwe picha za ndani ya jicho. Vijana hapa nyumbani wamemtisha kwamba hizo ndizo chembe za nano zinazong'aa. Je, ni kweli? Na tunasikia zinatibu saratani, hilo nalo likoje? – Mwalimu Mstaafu, Voi

Shikamoo mwalimu. Mpe mama pole, na umwambie vijana wamechanganya mafaili.

Rangi atakayochomwa inaitwa fluoresini. Si chembe. Ni molekuli ya kawaida ambayo mkemia Mjerumani Adolf von Baeyer aliitengeneza mwaka 1871, na madaktari wa macho wanaijua vizuri. Atachomwa kwenye mshipa wa mkono, na katika sekunde chache rangi itakuwa imefika jichoni. Kamera inamulika mwanga wa bluu, mishipa ya nyuma ya jicho inarudisha kijani cha manjano, na mahali mshipa unapovuja, kama inavyotokea kwa wenye kisukari, doa linaonekana likitanuka picha hadi picha. Daktari akishajua panapovuja, ndipo anajua pa kutibu. Jioni ngozi inaweza kuwa ya manjano kidogo na mkojo utakuwa wa manjano makali, msishtuke. Wengine husikia kichefuchefu kwa muda mfupi. Mzio mkali hutokea mara chache, kwa hiyo amweleze daktari mapema kama ana pumu, mzio wa dawa yoyote, au tatizo la figo. Na asiende peke yake. Watamtia matone ya kupanua mboni, na akitoka nje jua la Voi litamtesa, achukue miwani ya jua au mtandio.

Kazi ya vitu vinavyong'aa hospitalini, mwalimu, kwa sehemu kubwa si kutibu. Ni kuonyesha. Hilo nimelifanya kwa mikono yangu. Kwa miaka mingi makohozi ya wanaoshukiwa kifua kikuu tuliyapaka rangi nyekundu, tukawa tunatafuta vijidudu vyekundu kwenye uwanja wa bluu kwa lenzi ya mafuta, kipande kwa kipande, hadi shingo inakakamaa. Kisha zikaja darubini za taa za LED, ambazo Shirika la Afya Duniani lilizipendekeza, na rangi nyingine iitwayo auramini. Unafunga pazia, unazima taa. Uwanja unakuwa mweusi tii. Unazungusha skrubu taratibu, weusi unapita, weusi unapita, mara kijiti kimoja cha manjano, chembamba, kimepinda kidogo, pengine viwili vimelala vimegusana. Ukikiona huhitaji kubishana na jicho lako. Unaweza kutumia lenzi ndogo zaidi, unaona eneo kubwa kwa mara moja, slaidi inaisha haraka, na wagonjwa ambao ungewapita unawakamata. Hiyo nayo ni rangi, si nano, lakini nadhani unaona ninakoelekea.

Kuna hata cha kunywa. Nchi kadhaa zina dawa ya maji anayopewa mgonjwa wa uvimbe fulani wa ubongo kama saa tatu kabla ya kulazwa usingizi wa upasuaji; Marekani iliipitisha mwaka 2017. Seli za uvimbe zinaigeuza kuwa kitu kingine, na daktari akimulika bluu, uvimbe unang'aa wekundu huku sehemu za ubongo zisizo na uvimbe zikibaki bila mwanga huo. Anakata panapong'aa. Hiki ndicho kinywaji ambacho kingestahili kuzunguka kwenye simu za watu.

Tukija kwenye nano zenyewe, kuna za aina nyingi na zisichanganywe. Zilizopata umaarufu ni nukta za kwanta, fuwele ndogo za nanomita chache, zilizowapa Moungi Bawendi, Louis Brus na Aleksey Ekimov Tuzo ya Nobel ya Kemia mwaka 2023. Ukubwa wake ndio unaoamua rangi: ndogo zinatoa bluu, kubwa zaidi zinaelekea nyekundu, ingawa zimetengenezwa kwa kitu kile kile. Zinapendeza mno. Shida ni kwamba nyingi zina kadimiamu, metali yenye sumu, na hakuna daktari anayetamani kumwachia mgonjwa kadimiamu mwilini. Mwaka 2007 watafiti waliofanya kazi na wanyama walionyesha kwamba chembe ikiwa chini ya nanomita 5.5 hivi, figo huitoa haraka kwenye mkojo; ikizidi hapo huanza kukaa. Namba hiyo ndogo imeongoza mambo mengi yaliyofuata.

Mojawapo ni chembe za silika za Chuo Kikuu cha Cornell, zilizoanzishwa na Ulrich Wiesner. Ndani yake kuna rangi inayong'aa, nje zimevikwa koti ili mwili usizishike. Mamlaka ya dawa ya Marekani iliruhusu zijaribiwe kwa binadamu mwaka 2011, na mwaka 2014 yakatoka matokeo ya wagonjwa watano wenye saratani ya ngozi aina ya melanoma, katika hospitali ya Memorial Sloan Kettering, New York. Walizivumilia, na figo zikazitoa. Wagonjwa watano, mwalimu. Nakutajia hiyo hesabu ili vijana wako wasikuambie saratani imekwisha. Lengo kubwa lilikuwa kumsaidia daktari aone saratani imefika kwenye tezi ipi.

Vitone vya kaboni, hivi vya kwenye vyakula, viko nyuma zaidi. Vinasifiwa kwa kuwa havina kadimiamu na vinatengenezwa kwa vitu rahisi. Kuna watafiti waliovitoa kwenye bia, wakavibebesha dawa ya saratani iitwayo doksorubisini na kuvipeleka kwenye seli za saratani ya matiti, lakini seli zilizokuwa kwenye sahani ya maabara. Nakiri ninachoshwa na kazi nyingi za aina hii: leo ganda la tunda, kesho juisi, keshokutwa majani ya chai, kila moja inaanza jikoni na kuishia kwenye sahani, na sahani haina ini wala figo.

Kinachonipa matumaini ya karibu ni upimaji. Vitone vingi hufifia vikikutana na metali fulani, kwa mfano zebaki. Tone la maji likizima mwanga, una dalili. Kwa wachimbaji wadogo wa dhahabu wanaotumia zebaki, kama kule Geita, kipimo rahisi cha maji kingekuwa na maana kubwa kuliko picha mia za seli zinazomeremeta. Na kuna nano ambayo tayari iko kwenye zahanati yako: ule mstari mwekundu wa kipimo cha haraka cha malaria. Katika vitepe vingi vya aina hiyo wekundu ule ni chembe za dhahabu, nyingi zikiwa na upana wa nanomita 40 hivi. Hazing'ai, zina rangi tu, lakini ni dhahabu kweli. Vipo pia vitepe vinavyotumia chembe za madini ya yuropiamu, vinavyowaka vyekundu na kusomwa na kimashine.

Mama, mimi nanunua mahindi. Mwenzangu sokoni amepata tochi ya zambarau, anamulika gunia, punje zinazong'aa anazitoa, zilizobaki anauza kwa bei ya juu akisema zimepimwa sumukuvu. Ninunue tochi na mimi? – Mchuuzi wa Nafaka, Kibaigwa

Usinunue, na huyo mwenzako mwambie aache neno "zimepimwa".

Sumukuvu yenyewe, yaani aflatoksini, inang'aa kweli, nyingine bluu, nyingine kijani, na majina ya aina zake yametokana na rangi hizo. Lakini hiyo ni maabara, ikishatolewa kwenye unga kwa kemikali na kutengwa. Kwenye punje, ule mng'ao wa kijani-manjano anaouona unatokana na kitu kingine, asidi ya koji, ambayo kuvu huyo huyo huitengeneza na punje ikaibadilisha. Maana yake, mng'ao unasema kuvu alipita hapa. Hausemi ameacha sumu kiasi gani, wala kama ameacha. Na mahindi yakikaa ghalani mng'ao hufifia huku sumu ikibaki. Tena mng'ao mara nyingi umejificha ndani ya punje, usipoivunja huuoni. Kwa hiyo gunia lisilong'aa linaweza kuwa baya kabisa, na ndilo analoliuza ghali.

Mwaka 2004, mashariki mwa Kenya, kule Makueni na Kitui, watu 317 waliugua kwa mahindi yenye sumukuvu na 125 walifariki. Walikula mahindi ya nyumbani na ya dukani. Kupika hakuiondoi sumu hiyo, inastahimili joto la sufuria yako.

Kiwango cha Jumuiya ya Afrika Mashariki ni sumukuvu isiyozidi sehemu 10 kwa bilioni kwa jumla, na ile mbaya zaidi, aina ya B1, isizidi 5. Hakuna jicho wala tochi inayosoma sehemu 5 kwa bilioni. Kinachosoma ni kipimo cha kitepe au cha maabara, na sampuli ichukuliwe sehemu nyingi za shehena, juu, kati na chini, isagwe na kuchanganywa kwanza, kwa sababu sumu hukaa kwa mafungu: punje moja imejaa, mia zilizo jirani hazina. Upande wako wewe, fedha ya tochi weka kwenye kipima unyevu. Mahindi yasizidi asilimia 13.5, yaanikwe juu ya turubai na si juu ya udongo, zilizovunjika na kubadilika rangi zitolewe, magunia yakae juu ya chaga. Na hizo zilizotolewa zisiende kwa kuku, maana nao zinawadhuru. Sumukuvu ilianza kutambulika baada ya bata mzinga kufa kwa maelfu Uingereza mwaka 1960.

Mama Maabara, nimeuziwa matone ya "nano kaboni" ya kuondoa sumu mwilini. Muuzaji aliyamulika mbele yetu yakawaka, akasema huo mwanga ndio unaoua presha na uvimbe. Nimeshakunywa nusu. – Mwenye Presha, Temeke

Acha hiyo nusu iliyobaki. Ukimulika sabuni ya unga, maji ya toniki, au shati jeupe lililofuliwa, vyote vinawaka, na hakuna kinachoshusha presha. Hakuna dawa ya vitone vya kaboni iliyosajiliwa kutibu presha. Chukua chupa pamoja na lebo yake, nenda nayo kwa daktari wako, mwonyeshe. Na upeleke taarifa kwa mamlaka ya dawa. Vidonge vyako vya presha, uliviacha uliponunua haya matone? Hukuandika. Kama uliviacha, nenda leo, usingoje kliniki ya mwezi.

Shikamoo Mama. Niko kidato cha tano mchepuo wa PCB. Tunataka kutengeneza vitone vya kaboni kwa ajili ya maonyesho ya sayansi shuleni. Mtandaoni wanasema utie juisi ya limau kwenye chombo kilichofungwa na kuipasha joto nyuzi 200. Tuna oveni. Utushauri. – Mwanasayansi Mtarajiwa, Arusha

Marahaba mwanangu. Chombo kilichofungwa msikiguse. Wanaofanya hivyo wana chungu cha chuma kizito chenye skrubu na kikombe cha tefloni ndani, kilichotengenezwa kustahimili mgandamizo. Chupa ya jemu kwenye oveni ni bomu.

Fanyeni hivi. Sufuria wazi, sukari, moto mdogo, mwalimu awe karibu, hadi iwe kahawia ya wastani. Ipoe kabisa ndipo mtie maji, maana karameli ya moto ikirukiwa na maji inachoma vibaya kuliko mafuta. Chujeni kwa karatasi ya kuchujia. Kisha zimueni: tone moja kwenye glasi ya maji, lingine kwenye nusu glasi, na kuendelea. Wekeni pembeni glasi ya maji matupu na glasi ya toniki. Giza, tochi, na simu ya kupigia picha isiyobadilisha mipangilio kati ya glasi moja na nyingine. Mtakuta glasi nzito sana haing'ai vizuri kuliko iliyozimuliwa, na jibu la kwa nini nimeshampa mwenye kaunta wa Morogoro hapo juu.

Kwenye toniki ongezeni chumvi ya mezani kidogo kidogo mkikoroga. Bluu itafifia mbele ya macho ya watu. Chumvi inaleta kloraidi, na kloraidi inaipokonya kwinini nguvu kabla haijaitoa kama mwanga. Hiyo ndiyo kanuni ya vile vipimo vya zebaki nilivyomweleza mwalimu wa Voi: kitu kinafifia, na kufifia kwake kunakupa habari. Kwa maonyesho ya shule, meza hii itavuta watu kuliko karameli.

Kuhusu ripoti, nina sharti moja. Msiandike "tumetengeneza vitone vya kaboni". Andikeni "maji ya karameli yalitoa mwanga wa rangi hii, kwa kiasi hiki". Karatasi ya kuchujia haiwezi kutenganisha chembe ya nanomita 5 na molekuli zilizoyeyuka, na molekuli nyingine zinang'aa zenyewe. Hata wakubwa wamenaswa hapo: mwaka 2015 ilionyeshwa kwamba sehemu kubwa ya mng'ao wa baadhi ya vitone maarufu vinavyotokana na asidi ya sitriki, hiyo hiyo ya limau lenu, ilikuwa ya molekuli ndogo iliyojitengeneza humo. Majaji wakiwauliza mnajuaje kuwa ni chembe, jibuni kwamba kwa vifaa vyenu hamwezi kujua, na mtaje kifaa ambacho kingeweza: darubini ya elektroni. Mimi ningekuwa jaji ningewapa alama kwa hilo.

Msinywe mlichokitengeneza, hata kama kinanukia pipi. Na tochi isielekezwe machoni mwa mtu. Iliyoandikwa 395 (ni urefu wa wimbi la mwanga wake kwa nanomita) inaonekana zambarau, mtu atafumba macho mwenyewe. Iliyoandikwa 365 haionekani vizuri, hivyo atakodoa akitafuta mwanga uko wapi. Tafuteni miwani ya plastiki ya maabara inayozuia urujuanimno, na mhakikishe hata aliyeshika simu ameivaa.